Kufuli la Chini

Kwa shangazi yangu mpendwa,

Shikamoo. Goti lako linaendeleaje? Baba alisema bado linakusumbua ukipanda ngazi. Sisi huku hatujambo, ila mama anakohoa kidogo asubuhi, na mdogo wangu ameng'oka jino la mbele, sasa akicheka anaziba mdomo kwa mkono. Mimi nimemaliza shule, kama ulivyosikia, na ninamsaidia baba dukani nikingoja matokeo.

Katika barua yako umeuliza ni lini kampuni ya bima italipa, ili upate cherehani nyingine badala ya ile uliyomletea baba aitengeneze. Najua mpaka leo unashonea ya kuazima. Nitakujibu, ila naomba univumilie nianze mwanzo.

Wezi walibeba cherehani kumi na moja, sita zikiwa za wateja, na yako mojawapo. Siku ile baba hakuhangaika sana, maana alikuwa na bima ya wizi wa kuvunja. Kila aliyekuja kulalamika alimwambia avute subira, bima ipo. Baada ya wiki tano ikaja barua ya kukataa. Walisema kufuli la juu lilikatwa kweli, lakini la chini lilikutwa zima, limefungwa kwenye pete yake, halina hata mkwaruzo. Kwa hiyo aliyeingia alikuwa na ufunguo, na wizi wa namna hiyo hawaulipi. Hawakuandika kwamba baba ameliibia duka lake mwenyewe, lakini mtaa mzima ulielewa hivyo. Fundi aliyezoea kusalimiwa toka mbali akaanza kusalimia yeye kwanza, na wengine hawakuitikia. Ndipo akaenda mahakamani.

Chumba cha mahakama ni kidogo kuliko nilivyodhani. Benchi letu lilikuwa na mguu mmoja mfupi, likiyumba kila mama alipokohoa. Wakili wa kampuni, mtu wa sauti ya upole, aliliinua kufuli letu ndani ya mfuko wa nailoni akamuuliza baba, "Mzee, ni mwizi gani huyu mwenye adabu, anafungua kufuli, anabeba mali, kisha anarudi kulifunga?" Watu wakacheka, hata karani. Akauliza funguo zilikuwa ngapi na nani alikuwa nazo. Baba akajibu kwamba zilikuwa mbili, na siku ile zote zilikuwa mfukoni mwake.

Shangazi, haikuwa kweli. Mmoja ulikuwa kwangu, na baba alikuwa amekwisha kula kiapo. Nilimwona akijifuta mikono kwenye suruali kama anavyofanya mikono ikiwa na grisi, na siku hiyo mikono ilikuwa safi.

Sasa nakuambia lililonikaa kooni miezi yote hii. Kufuli la chini liko karibu na kizingiti. Kulifunga lazima upige magoti, mgongo ukiwa barabarani. Ng'ambo hukaa fundi baiskeli na wenzake, na kila jioni walikuwa na lao: "Binti fundi, hilo kufuli unalipigia magoti tangu juzi, bado tu halijakubali posa?" Ni utani, wala si watu wabaya. Lakini mimi unanijua, hata kuitwa jina darasani kulinitoa jasho. Jioni ile walikuwa wengi, wamejikinga mvua kibandani. Nikafunga la juu, la chini nikalitia mfukoni nikaondoka.

Asubuhi nilifika wa kwanza, nikakuta mlango wazi. Nikaogopa baba atajua uzembe wangu. Nikalitoa lile kufuli mfukoni, nikalibana kwenye pete, kisha ndipo nikapiga kelele. Sikufikiri kwamba kufuli zima ndilo litakalomfanya baba aitwe mwizi.

Wakati wa mapumziko nilimweleza wakili wetu yote. Akavua miwani. Akasema mkataba unataka makufuli yote mawili yafungwe, hivyo nikisema, shaka juu ya baba itaondoka, lakini na madai yatakufa. Aliniambia nifikiri. Nilifikiri mpaka alipomaliza kufuta miwani, nikasema nitasimama. Mara tatu hakimu aliniomba nipaze sauti. Baba aliitwa tena, akakiri kuhusu ufunguo wangu, akaonywa vikali.

Hukumu ilisomwa wiki iliyopita. Hakimu alisema baba hakuiibia kampuni wala hakuidanganya kuhusu wizi, ila kampuni hailazimiki kulipa.

Baba hakunigombeza. Siku ya tatu baada ya hukumu aliniambia nivae viatu. Tukawapitia wateja watano. Yeye alisimama mlangoni, mimi nikasema. Mmoja alikuwa akipinda sketi kwa mkono. Aliniuliza ni jioni ya lini, akafikiri, akasema, "Jioni hiyo nilitaka kuja kuichukua, mvua ikanizuia." Akarudi kwenye sindano yake.

Wa sita ni wewe. Baba amekataa kukupigia simu, amesema neno hili litoke kwangu. Cherehani yako haitarudi wala haitalipwa, na sababu ni mimi. Jibu lako niandikie mwenyewe, usilipitishie kwa baba. Likiwa kali, liache hivyo hivyo.

Mama anakusalimu sana, na mdogo wangu pia. Nifikishie salamu kwa watoto na kwa jirani aliyekuazima cherehani.

Ni mimi,
binti wa kaka yako.