Mizani ya Pamba Wodini

Mwangaluka, Mama! Ndivyo tunavyoamkiana huku Bariadi.

Dada amejifungua salama, mtoto wa kike. Mizani ya hospitali hii ndogo imeharibika, kwa hiyo nesi anapimia watoto mizani ya pamba, iliyokaa bure ghalani mwa chama cha ushirika tangu wanunuzi binafsi waje na za kwao. Mtoto akaning'inizwa ndani ya kitenge: kilo tatu. Mama mkwe wa Dada, mkulima wa pamba wa siku nyingi, akaja juu: "Mizani hii naijua! Imenipunja miaka yote. Andika nne!" Wodi nzima ikacheka, hata Dada na maumivu yake. Nesi akaandika tatu. Bibi akampakata mjukuu, akamnong'oneza: "Nne."

Amepewa jina lako, Mama. Njoo umbebe, utuamulie.

Mwanao, Rehema