Besi Waliochelewa Kibugu

Mami mpendwa,

Niko mtaa wa Majimbo, kwenye nyumba niliyokodi kwa wiki hii, na tangu asubuhi nazunguka meza. Jumamosi naongoza okestra hapa Embu mjini, mara ya kwanza nyumbani, na kukaa chini nimeshindwa. Nikishika fidla naiweka. Nikifungua nota naziangalia tu. Ungekuwepo ungeshanituma nikafue blanketi.

Kinachonisumbua ni baba mkwe. Anakuja kutoka Ruiri na wazee wenzake, na wametengewa viti safu ya mbele. Mwongozaji naye huwapa watu mgongo, na kwetu mke wa mtu hampi baba mkwe mgongo. Hunihitaji nikueleze uzito wake, maana wewe ulilikwepa jambo hilo miaka yako yote ya kwaya.

Nakuona bado pale kanisani Kibugu. Babu, baba mkwe wako, alikuwa mzee wa kanisa na benchi la kwanza lilikuwa lake. Mke wa mwanawe angempaje mgongo? Kwa hiyo uliongoza umesimama kwa ubavu, ukiwatazama soprano na alto. Besi walibaki nyuma ya bega lako, wakiona kiwiko tu, na kila Jumapili waliingia wakiwa wamechelewa.

“Besi, mmelala?” uliwauliza siku za mazoezi.

“Mwalimu, tunangoja tuone mkono,” Nyaga alikujibu, na kwaya nzima ikacheka. Jumapili wakachelewa tena.

Nilikua nikidhani nyimbo zimetungwa hivyo. Nilipofika Nairobi na kusikia besi wakiingia pamoja na wengine, niliona wamekosea, nikawaonea huruma.

Fidla ilikuchosha mwanzoni. Nilipoileta nyumbani kutoka sekondari ulinifukuza jikoni: “Enda ukaipigie huko kwa majani chai. Ng'ombe amekataa kutoa maziwa.” Nikaenda. Baadaye nikakusikia mistari miwili ya chai juu yangu, unachuma huku unaimba alto ya wimbo niliokuwa nahangaika nao, polepole, ili nikupate. Nikakufuata na fidla. Hapo ndipo nilipoanza kupiga muziki, Mami. Hayo mengine ya kukaa na fidla katika okestra miaka mingi, kisha kuachiwa kijiti niongoze, yalifuata.

Mwalimu aliyenifundisha kuongoza alikuwa akinishika mabega na kuyanyoosha kila niliposimama kwa ubavu kama wewe. “Unamkwepa nani?” aliniuliza. Nilicheka. Ningeanzia wapi kumweleza?

Halafu Babu akafa. Nilikuja nyumbani nikijua kwamba sasa utageuka. Benchi lilikuwa tupu, na wewe ukasimama kwa ubavu vilevile. Kesho yake tukichuma chai nilikuuliza kwa nini. “Nimezoea,” ulisema, ukatupa majani kikapuni na kuendelea.

Neno hilo liliniudhi, na bado linaniudhi. Ulikuwa na sikio ambalo sijaliona kwa mtu mwingine, na hukuwahi kuona nyuso za besi wako wakiimba.

Mwenda, mume wangu, anataka amani. “Kwani lazima uongoze siku hiyo?” ananiambia. “Si upige fidla tu, mtu mwingine asimame hapo mbele. Mzee akirudi nyumbani, uendelee na kazi yako.” Sikatai kwamba nimeshawishika. Lakini nikimpisha mtu Jumamosi, au nikisimama kwa ubavu, nitaombwa tena, na siku moja binti yangu ataniuliza, nami nitamjibu kwamba nimezoea.

Jana nilimpigia mzee simu mwenyewe. Nilimwambia nitakuwa mbele, nitawapa mgongo mwanzo hadi mwisho, na kwamba hiyo ndiyo kazi yangu. Nikasikia mbuzi huko kwake.

“Huku kwetu mwalimu wa kwaya ni mwanaume,” alisema mwishowe. “Hiyo maneno hatujawahi kuifikiria.”

“Ndiyo, Baba.”

“Sawa, mama. Tutaona hiyo Jumamosi.”

Sijui kama atakaa au atainuka na wazee wake watoke. Ndiyo maana nazunguka meza. Nampenda yule mzee, na kumwaibisha mbele ya wenzake sitaki.

Ila nakumbuka siku ya mwisho tulipoongea vizuri. Ulikuwa kitandani, sauti imekwisha, na hukuniuliza habari za nyumba wala za watoto. Uliuliza, “Siku hizi besi wako wanachelewa?”

“Hapana, Mami. Hawa wapiga besi wa okestra wanaingia na wenzao.”

Ulifumba macho. “Basi unasimama vizuri.”

Jumamosi nikisikia viti vikisogezwa nyuma yangu, sitageuka kutazama nani ametoka. Nitakuwa nawasikiliza besi.

Pumzika, Mami. Acha mimi nizunguke.

Ni mimi binti yako, yule uliyemfukuza jikoni