Unga wa shangazi na figo za mama

Ndugu yangu, nina hasira sana.

Mama ameanza kunywa unga wa mizizi alioletewa na shangazi, na figo zake unajua zilivyo dhaifu. Nikaingia kwenye ile hazina ya tafiti za tiba mtandaoni, ya bure kwa kila mtu. Tafiti zinasema mizizi ile inaharibu figo. Nikawasomea mama na shangazi sebuleni.

Shangazi akacheka: "Wewe mshairi, katunge vina vyako huko!"

MSHAIRI! Mbele ya mama!

Nikajifungia chooni, nikarekodi maneno yaleyale kwa sauti nzito kama ya daktari, nikayatuma kwenye kundi la ukoo kwa namba ngeni.

Mama kamwaga unga wote. Kaniambia, "Mwanangu, msikilize daktari huyu. Huyu ndiye aliyesoma."

Nikaitika, "Ndiyo, Mama."