Kwa Ndugu Yangu Asiyeingilia

Kwako ndugu yangu, mtazamaji,

Nakuita hivyo kwa sababu ndilo jina ulilojipa. Ulipokuja hapa kwetu Wabera ukapiga kambi jikoni kwa mama wiki tatu na kamera yako, ulituambia, "Mimi natazama tu, siingilii." Filamu ya maisha ya kila siku, ukasema, yalivyo. Halafu ukalibeba jiko la gesi la mama, ukalificha nyuma ya pazia, ukamwambia awashe kuni. Moshi ukamliza, nawe ukasogeza kamera karibu. Mimi nikaambiwa nitoke, eti gauni langu jipya linaharibu picha. Kama huko ni kutoingilia, basi hata fisi ni mchungaji.

Unamkumbuka mama zile asubuhi? Hakujua kwamba kamera haisemeshwi. Alimimina chai, akageukia pale ulipojibanza, akasema, "Wacha hiyo kitu, kuja ukule. Chai inapoa." Kila siku. Mara nyingine alikucheka ulivyokonda. Hukumjibu, usije ukaharibu sauti. Chai yako nilikuwa nainywa mimi.

Kisha ukatuonyesha filamu katika ukumbi wa kanisa. Mama alikaa mstari wa mbele, kitambaa kipya kichwani. Mwanzo hadi mwisho hasemi neno. Anapuliza moto, anachota maji, anatazama ukuta. Wageni wako wakapangusa machozi, mmoja akausifu sana ule ukimya. Mama akaniinamia, "Mbona nimekuwa bubu? Mimi si niliongea na yeye?"

Niliona aibu kwa niaba yako, maana wewe huna. Ulikata kila mahali alipokusemesha, na jikoni mle hakuwa na mwingine wa kumsemesha.

Sasa tumemzika, na wewe unaniandikia kuuliza kama nataka nakala ya filamu. Sitaki. Huyo bubu simjui. Nimepekua simu yangu nikitafuta sauti ya mama, sina hata moja. Sisi tulikuwa tunaongea naye tu, hatukufikiria kuhifadhi. Sauti yake unayo wewe, katika vile vipande ulivyovitupa kama maganda, na inaniuma kwamba lazima nikuombe.

Nitumie hivyo. Lakini kabla hujatuma, mfungulie sauti, umsikilize mpaka amalize. Anakuita ukale.

Ni mimi dada yako,
yule wa gauni jipya.