Karani Aliyegoma Kutia Sahihi

Shubra, Kairo
Jumatano

Kwa Baba yangu mpenzi, Mzee Abdel-Tawab,

Asalaam aleikum. Natumaini barua hii itakukuta mzima, goti limepoa na mitende yenu huko Kharga inazaa vizuri. Mimi sijambo, ila sauti imenikauka, na sababu yake ndiyo inayonifanya niandike.

Baba, tumeshinda! Riwaya ya Ustadhi Midhat Qandil, ile niliyoipiga taipu kwa vidole vyangu hivi, imefunguliwa. Serikali ilikuwa imeizuia miezi saba, polisi wakazibeba nakala zote kutoka ghala la kampuni yetu ya vitabu kana kwamba ni bangi. Kosa lake nini? Inamsimulia karani wa hospitali, Wahdan, aliyeletewa maiti ya fundi cherehani aliyefia mikononi mwa polisi, akaamriwa aandike kwamba moyo ulisimama wenyewe. Akakataa. Wakamhamishia jangwani na kumtangaza kuwa mlevi.

Leo asubuhi mahakama ilijaa hadi madirishani. Wakili wa serikali, mwenye sauti ya muuza matikiti, alisema kitabu kinalichafua taifa.

“Mheshimiwa, karani wa namna hiyo hayupo Misri nzima! Makarani wetu wanawatii wakubwa wao.”

Mzee mmoja nyuma yangu akanong’ona, “Hilo la mwisho kasema kweli.” Watu wakaangua kicheko.

Hapo akasimama mama mmoja karibu na mlango. Wakili akamfokea akae. Jaji akasema aachwe, akamwuliza yeye ni nani.

“Naitwa Tafida. Kusoma sijui, mwanangu kanisomea hicho kitabu mara mbili. Yule fundi ni mume wangu. Na karani yupo! Ndiye aliyenifunulia shuka nikaona alama shingoni, akaniambia, ‘Dada, usikubali wakudanganye.’ Mkimwita yeye mwongo, basi na mimi niiteni hivyo hivyo.”

Kabla ya adhuhuri jaji akarudi na hukumu: zuio limeondolewa, nakala zote zirudishwe. Nilipiga vigelegele mle mle mahakamani, mimi uliyenilea kwa adabu! Alasiri foleni ya wanunuzi ilianzia mlangoni petu ikafika hadi duka la dawa la mtaani. Hata muuza chai wetu alikuja akisema, “Nipeni huyo Wahdan wenu, nataka nimjue.”

Sasa naomba uketi, Baba. Wahdan hakubuniwa na Ustadhi. Mimi ndiye niliyemsimulia. Siku ile ulipomweleza Mama jikoni yaliyotokea hospitalini, ukamwapisha asimwambie mtu, nilikuwa nyuma ya pazia, na umri wangu miaka kumi na mmoja. Miaka kumi na tisa umeacha watu wakuite mlevi ili sisi tusiguswe. Nilibadilisha jina na mji tu. Kwa kutokuomba ruhusa yako, nisamehe. Kwa kuyasimulia, sijutii hata kidogo.

Nje ya mahakama Bi Tafida aliniuliza kama naijua nyumba ya karani. Nikamwambia nimelelewa humo. Akanikumbatia hadi mtandio ukanidondoka. Ijumaa ya wiki ijayo tunapanda basi la Kharga, yeye, mwanawe na mimi. Anasema siku ile hakuwahi kukushukuru.

Mbusu Mama, mwambie aloweke maharage ya kutosha. Wasalimie majirani wote, hasa waliokuwa wakiziba pua ukipita.

Ni mimi, ninayetembea Kairo nzima nikijivunia jina lako,
Safinaz Abdel-Tawab