Mark 3 ya Ukutani

Jumatatu, 14 Julai

Nimetengeneza cherehani mbili leo. Moja ilikuwa inaruka mshono, nyingine mkanda umekatika. Upepo wa ziwa umeingiza vumbi mpaka ndani ya kopo la mafuta.

Mchana amepiga simu Mwalimu Minza, mkuu wa ile sekondari ya kanisa kule chini ufukweni. Jubilei ya shule ni Jumamosi ya wiki ijayo. Ofisini kwake kuna bunduki ya zamani imetundikwa ukutani. Anataka isafishwe, wanafunzi waitumie kwenye igizo la historia. Kasikia kwamba nilikuwa fundi silaha jeshini.

Nimekubali kabla hajamaliza kueleza. Tangu nistaafu sijashika bunduki. Nina hamu kama mtoto.

Jumanne, 15 Julai

Nimeiona. Mark 3. Bunduki ya Mwingereza, kitako cha mbao, chuma cheusi kilicholika. Chini ya kitasa cha bolti, chuma kinachofunga chemba ya risasi, kuna alama ya taji na mwaka: kumi na tisa, kisha moja, kisha kutu. Ya vita ya kwanza, basi. Nimekaa nayo mapajani nusu saa, Mwalimu Minza ananitazama kama nimerukwa na akili.

Nimemweleza. Mjerumani aliwapa askari wake wengi wa huku bunduki za baruti nyeusi, risasi moja moja. Ukifyatua, moshi unawaambia wote ulipojificha. Hii ya Mwingereza haikutoa moshi wa kukutaja, na ilibeba risasi kumi. Bolti yake iko karibu na mkono wa kufyatulia, kwa hiyo mtu aliyezoea alifyatua haraka sana. Baada ya uhuru zikabaki kwa askari wa vituo na walinzi, mpaka zilipoingia bunduki za kisasa, SAR na SMG. Mwalimu ameniuliza kama naweza kuja kufundisha kidato cha tatu. Nimecheka.

Magazini, kasha la risasi, haipo. Bolti haifunguki hata kidogo, imeshikwa na kutu. Hakuna anayekumbuka iliwahi kufunguka. Ililetwa na mwalimu wa gwaride zamani, naye alishafariki. Tangu hapo imebebwa na wanafunzi kila sherehe.

Hilo la bolti limenikaa kichwani njia nzima.

Jumatano, 16 Julai

Nimerudi na ufito wa shaba. Ni kipimo cha kwanza nilichofundishwa jeshini. Unapima nje, kutoka mdomo wa mtutu mpaka mbele ya bolti. Kisha unaingiza ufito ndani. Ukifika pale pale, chemba ni tupu.

Haukufika. Ulisimama mapema. Pengo ni urefu wa kidole changu cha shahada. Risasi ya Mark 3 ina urefu huo huo.

Nimepima mara nne.

Mwalimu Minza ameifungia kabatini papo hapo. Akampigia mwenyekiti wa kamati ya jubilei, Mzee Masalu, mwenye duka la vifaa vya ujenzi pale Nyamagana. Alisoma hapa. Amekuja na gari yake, akanisikiliza akiwa amesimama. Akasema ni udongo wa nyigu, kila mtu anajua nyigu hujenga kwenye matundu. Akasema aliibeba bunduki hiyo miaka miwili akiwa kamanda wa gwaride, hajaona mtu akidhurika. Akaniuliza kwa upole kama siku hizi si natengeneza cherehani.

Nimekasirika sana. Baya zaidi, anaweza kuwa sahihi. Nyigu kweli hujenga humo.

Ijumaa, 18 Julai

Sikulala vizuri siku mbili. Naogopa kuaibika. Naogopa zaidi kunyamaza.

Asubuhi nimepata wazo. Kipande cha sabuni ya mche, nikakilainisha, nikakibandika kwenye ncha ya ufito. Nikisukuma taratibu, sabuni itachukua sura ya kitu kilichomo ndani. Udongo utaacha chembe. Kitu kingine kitaacha sura yake.

Nimefika shuleni saa nne. Kabati liko wazi. Mwalimu Minza yuko mjini, kwenye kikao. Mzee Masalu alikuwa amechukua ufunguo kwa karani.

Nimewakuta uwanjani, kwenye mazoezi ya igizo. Binti wa kidato cha nne amesimama na kofia ya karatasi, yeye ndiye Mjerumani. Mbele yake, hatua tatu, mwenzake kaelekeza mtutu kifuani kwake. Na anavuta kipande kidogo cha nyuma ya bolti kwa kidole gumba. Nikasikia kikikamata.

Hapo ndipo nilipoelewa kitu ambacho nilipaswa kukifikiria tangu Jumanne. Kwa Mark 3 si lazima ufungue bolti ili kuitega. Ukivuta kile kipande, imetegeka. Kutu haikuzuia kitu.

Sikupiga kelele. Ukimshtua mtu mwenye kidole kwenye kifyatulio, anabana. Nimetembea. Wakanisalimia shikamoo, nikaitikia marahaba huku natembea. Nimeshika mtutu nikauinua juu, kuelekea ziwani, nikamwambia yule mwanafunzi atoe kidole. Akatoa. Nikashusha kipande cha nyuma polepole kwa gumba langu.

Nimekaa kwenye majani.

Mzee Masalu amekuja anafoka, nawaharibia watoto mazoezi. Nikaingiza ufito na sabuni mbele yake na mbele ya wanafunzi wote. Nikautoa. Kwenye sabuni kuna shimo dogo la mviringo, laini, lililochongoka kama ncha ya risasi. Hakuna chembe ya udongo.

Ameitazama ile sabuni kwa muda mrefu. Akasema tuwaite polisi.

Jumapili, 20 Julai

Kanisani sikusikia mahubiri. Nilikuwa nafikiria ile sauti ya kipande kikikamata.

Polisi waliichukua Ijumaa jioni. Sajenti wa ghala lao la silaha ni mtu mtaratibu. Amenipigia leo, anasema ameinamisha mtutu ndani ya sanduku la mchanga na kumwaga mafuta kwenye bolti. Anaongeza kila baada ya saa chache. Ameniomba niwepo ikifunguliwa, yeye hajawahi kufungua aina hiyo. Nimefurahi kuombwa. Naona haya kidogo kwamba nimefurahi.

Koku, binti yangu, kauliza kwa simu nilipendea nini kazi ile ya silaha. Nimemsimulia nisiyowahi kumsimulia. Nilikuwa na miaka kumi na minne tulipokimbia vita ya Kagera. Askari wetu mmoja alikaa kwenye migomba, akatandika khanga ya mama, akafungua SAR yake vipande vipande. Akafuta kila kimoja. Akairudisha. Nilikuwa na njaa ya siku mbili, nikaisahau. Nilitaka tu kujua kila kipande kinafanya nini.

Koku akasema alidhani niliingia jeshini kwa ajili ya mshahara.

Jumatano, 23 Julai

Imefunguka.

Ilikuwa nyuma ya kituo, kwenye ukuta wa mifuko ya mchanga. Mimi, Sajenti, na Mzee Masalu aliyeomba kuwepo kwa mbali. Nilipiga kitasa cha bolti kwa nyundo ya mbao, kidogo kidogo, karibu saa nzima. Kikanyanyuka kama mlango wa ghala la zamani. Nikavuta. Ganda la shaba likatoka, limegeuka kijani, na risasi yake mdomoni.

Sajenti ameipokea kwenye kitambaa. Kwenye kitako cha ganda kuna herufi na namba saba ya Kirumi, alama ya risasi za Mwingereza. Na katikati, kwenye fataki inayowasha baruti, kuna vidoti. Nimechukua miwani. Vinne, vingine vimekaliana. Vya juujuu, springi ilikuwa imechoka. Lakini ni vidoti vya pini ya bolti, ile inayogonga fataki. Bunduki hii imefyatuliwa mara nne ikiwa na risasi ndani, na mara nne risasi imegoma.

Sajenti akaichomoa risasi kwenye ganda kwa koleo. Baruti ya zamani ile iko kama tambi nyembamba. Akachukua uzi mmoja, akauweka sakafuni, akauwasha. Ukawaka wote kwa ukali, mara moja. Baruti ilikuwa nzima. Iliyokufa ni fataki peke yake.

Mzee Masalu alikuwa amesogea bila sisi kumwona. Aliomba nimwoneshe vile vidoti. Nimemwonesha. Akauliza kama naweza kujua ni vya lini. Nimemwambia siwezi.

"Kimoja ni changu," akasema. "Mwaka wa mwisho, kwenye igizo. Nilimlenga Tito kifuani. Ilipogonga, 'ka!', watu walipiga makofi."

Simjui Tito. Nimeuliza ni nani.

"Shemeji yangu. Kamwoa dada yangu. Wana watoto watano."

Sajenti alitoa kiti, Mzee Masalu akakaa.

Alhamisi, 24 Julai

Mzee Masalu amekuja Kiseke, nyumbani. Hajaja na gari, amekuja na bodaboda. Ameomba radhi kwa lile neno la cherehani. Nimemwambia nilishalisahau. Si kweli, lakini sasa nitalisahau.

Ameniuliza kama amwambie Tito. Anasema ni zaidi ya miaka arobaini, hakuna aliyeumia, kwa nini kumpa mtu mzigo. Usiku anawahesabu wapwa zake mmoja mmoja kwa jina.

Nimemwambia ninachojua ni vyuma. Sijui haya mengine. Ila kama ni mimi niliyesimama mbele ya ule mtutu, ningetaka kujua.

Amekunywa chai yote. Nilimsindikiza mpaka barabarani. Anatembea kizee zaidi kuliko nilivyomwona wiki iliyopita, na tumelingana umri.

Jumamosi, 26 Julai

Jubilei. Upepo mkali, turubai moja limeng'oka. Igizo lilichezwa kwa bunduki za mbao, fundi kazichonga vizuri, zina hata kitasa. Binti wa kofia ya karatasi alikufa kwa mbwembwe, watu wakacheka. Mimi sikuweza kumtazama mpaka alipoinuka.

Mark 3 imebaki polisi. Sajenti amesema ikishatobolewa mtutu, isiweze kufyatua tena, itatafutiwa makumbusho. Nitaenda kuitazama.

Tito nimemtambua kabla sijaoneshwa. Mrefu, mwembamba, ametoka ng'ambo, Sengerema. Alikuwa anamweleza kila mtu uzuri wa daraja jipya, kwamba hakuna tena kukaa Kigongo kusubiri kivuko. Alinishukuru kwa kuwaokoa watoto. Alisema aliwahi kuwa Mjerumani kwenye igizo hilo hilo. Alisema huku anacheka.

Baada ya chakula Mzee Masalu alimshika mkono wakashuka mpaka kwenye mawe ya ufukweni, Tito akakaa juu ya jiwe moja. Nilikuwa kwenye kiti changu, mbali, sikusikia neno. Masalu aliongea akiangalia maji. Tito alikuwa bado anatabasamu. Kisha hakutabasamu. Aliweka kiganja kifuani, akakiacha hapo.

Kwaya iliimba nyimbo mbili nzima. Kisha Tito akasogea kwenye jiwe lake, nafasi ikapatikana, na Masalu, aliyekuwa amesimama muda wote huo, akakaa pembeni yake.