Mzee wa Sinema Kaja Kuposa

Mikumi,
Jumapili jioni.

Mpendwa kaka Maduhu,

Shikamoo. Natumaini huko Geita hamjambo wote, wewe, wifi Marciana na watoto. Huku Mama goti linamsumbua, lakini shambani anakwenda, na mahindi ya Kisanga yamependeza. Mimi bado nasafisha vyumba hapa hotelini. Simu nimeikwepa makusudi, maana wewe huweka spika na nyumba nzima inasikia. Barua hii isome peke yako.

Uliniagiza nimchunguze baba yake Kerem, yule fundi Mturuki wa reli pale Kilosa anayetaka kumuoa mdogo wetu Paulina. Ulisema ya dini yamekwisha, ila bila mzee wa upande wa mwanamume hakuna posa. Basi mzee amekuja, na amefikia hapa hapa kwetu. Nilipompelekea taulo nikaganda mlangoni. Kaka, huyu mtu namjua! Ni yule dereva mwenye masharubu kwenye tamthilia ya Kituruki, anayemsaliti tajiri wake na kupigwa risasi kabla hadithi haijafika katikati. Salome wa mapokezi naye akamtambua, ila yeye alimjua kama karani wa hakimu.

Mwenyewe hakukataa. Kupitia kwa Kerem alitueleza kwamba alianza kwa kuwapelekea chai waigizaji wa sinema huko Istanbul. Siku moja mtu akakosekana, wakamvika koti lake. Tangu hapo amekuwa mtumishi, mlinzi, baba wa bibi harusi, maiti. Ustelingi hajawahi kuuonja.

Nikajiuliza, mtu aliyeigiza baba wa watu maisha yake yote, nani ataniambia hapa haigizi? Nikaanza kumvizia. Asubuhi nafagia koridoni, namsikia ndani anarudiarudia kwa Kiswahili kwamba amekuja kuomba mtoto, mara kwa upole, mara kwa ukali, kama anayechagua. Nikamuuliza kwa ishara lile kovu la kidevuni la Kerem lilitokana na nini, akaniigizia mtu anayeanguka na baiskeli. Nilipomuuliza Kerem, akasema mbwa. Kumbe tunachezewa, na Paulina ameshanunua gauni!

Siku ya posa nyumbani Kisanga sikungoja hata chakula kiive. Nikasema mbele ya Mama kwamba huyu si baba, ni mwigizaji wa kukodiwa. Kerem akainamisha kichwa, akakiri. Baba yake mzazi ameapa hatakanyaga kwenye harusi hii, hamtaki mkwe asiye wa kwao. Huyu mzee Selim ni jirani wa ghorofa ya chini, ndiye aliyekuwa akimlisha Kerem utotoni mama yake akiwa kazini. Mzee akajaribu kusema yale maneno yake ya Kiswahili, yakamtoka yote kichwani. Kwenye tamthilia analia kwa madaha, chozi moja tu. Kwetu alilia hovyo, kamasi mpaka kwenye masharubu.

Nami bado nikashikilia aondoke. Hapo Mama akaniita jikoni, akaniambia mlichonificha. Kwamba ulipomposa Marciana, ndugu wa marehemu Baba walikataa kuja kwa sababu ya ule ugomvi wa ng'ombe. Kwamba wewe na Mama mlikwenda Dumila, mkamkuta stendi Msukuma mwenzetu anauza mahindi ya kuchoma, mkamvika koti la Baba.

Kaka! Baba mdogo Budeba! Aliyenisimamia kipaimara, ninayemwamkia miaka yote hii, ambaye huwa najisifu kwamba tumefanana pua! Nimelia, nimecheka, nimelia tena. Sijui nikukasirikie au nikushukuru, maana bila uongo wako nisingekuwa na baba mdogo.

Uamuzi ni wako. Ila ukimkataa mzee Selim, njoo umkatae wewe mwenyewe, mbele ya Baba mdogo. Yeye tumeshamweleza yote. Amesema posa irudiwe Jumamosi, na atakaa kiti cha pembeni ya mzee Selim amwelekeze, kwa kuwa kazi hiyo anaifahamu. Lile koti la Baba amelileta leo. Amelipiga pasi, anataka mzee Selim alivae.

Nibusie watoto. Wifi mwambie tu kwamba Baba mdogo anamsalimia sana.

Mdogo wako akupendaye,
Magdalena